Tomoe: mvulana wa miaka mingi anayejifunza kuwa bibi

Ni saa tisa alasiri, na kila anayeingia studio anasalimia, "Habari za asubuhi." Ndivyo walivyo watu wa kazi hii hapa Tokyo. Kwao siku huanza pale kazi inapoanza, jua liwe limefika popote. Kuramochi Tomoe anaitikia salamu hiyo huku akimalizia tonge la wali mlangoni.

Si kwamba ana njaa. Anakula ili tumbo lisiungurume. Maikrofoni za humu zinasikia kila kitu, na tumbo la mtu mmoja linaweza kuwarudisha wote mwanzo. Kwa sababu hiyohiyo amevaa pamba isiyochakarika, hana bangili, na soli za viatu vyake ni laini.

Tomoe ana miaka sitini na moja, na kazi yake ni kuzipa katuni sauti. Kwa zaidi ya miaka ishirini na mitano alikuwa Sota, mvulana mtundu wa miaka tisa katika kipindi cha watoto cha Jumamosi. Waliokua wakimtazama Sota sasa wana watoto wao. Sota mwenyewe hajaongeza hata siku moja.

Koo la Tomoe limeongeza. Mwaka jana vicheko vya juu vilianza kukwaruza, naye hakusubiri kuambiwa. Alikwenda mwenyewe kwa wakubwa akaomba Sota apewe mwingine. Aliyepewa ni Sugaya Mio, binti wa miaka ishirini na sita. Tomoe akaahidiwa jaribio la mhusika mpya, bibi yake Sota.

Leo anajaribiwa kwa mara ya pili na ya mwisho. Akishindwa, ataitwa mwigizaji mwingine, na yeye atakuwa ametoka katika nyumba aliyoijenga kwa koo lake.

Ungedhani ni kumsukuma mlevi. Mwanamke ana wajukuu wawili, anaambiwa aigize mwenye wajukuu. Lakini wahenga waliosema ng'ombe hazeeki maini hawakutuambia kwamba maini hayo yanaweza kumnyima mtu kazi. Wiki iliyopita, kila Tomoe alipofungua kinywa, mvulana alichungulia.

"Mama Tomoe," mwongozaji Nagase Yasuhiro alimwambia kutoka chumba cha pili, nyuma ya kioo, "huyo bibi ni mzuri, ila bado amevaa kaptula."

Watu walicheka. Tomoe naye alicheka, na kwa bahati mbaya kikamtoka kicheko cha Sota.

Tomoe ni mzaliwa wa Niigata, na alikuja Tokyo akiwa na miaka kumi na tisa akitaka jukwaa la maigizo. Jukwaa halikumtaka. Alichopata ni kelele za nyuma katika katuni, yaani sauti za watu wasio na majina.

"Miaka yangu ya kwanza nilikuwa umati," anasema. "Nimekuwa soko, nimekuwa uwanja wa besiboli, nimekuwa watu wanaokimbia mafuriko. Siku moja nilikuwa bata, nikafurahi sana, maana bata alikuwa peke yake."

Kila kipindi kilimpa yeni elfu kumi na tano, kabla wakala hajachukua fungu lake, na wiki nzima ingeweza kupita bila kuitwa. Asubuhi alikuwa akikaanga vitafunwa vya viazi katika duka karibu na stesheni ya Nakano, hadi Sota alipomtoa jikoni. Tangu hapo, anasema, mvulana huyo hakutoka kooni. Hata nyumbani, sauti yake ndiyo iliyotangulia kutoka.

"Mume wangu ameitwa kula na mtoto wa kiume miaka yote hii," anasema. "Sijui kwa nini hajalalamika. Labda anaogopa kukosa chakula."

Baada ya kushindwa jaribio la kwanza, Tomoe alikwenda kuusaka uzee ulipo. Aliuwinda katika bafu la umma la mtaani kwake, ambako wanawake wakubwa huoga pamoja na kusengenya wakwe. Alizama ndani ya maji ya moto mpaka shingoni, akatega sikio. Aliyemnasa ni Bibi Fumi, mjane wa miaka themanini na minne.

"Unanitazama mgongo tangu juzi," Bibi Fumi alimwambia mbele ya wote. "Unataka kuusugua au kuununua?"

Tomoe alikiri. Kisha, palepale majini, akamsikilizisha sauti ya kizee aliyoiandaa, yenye kutetemeka na kuvutavuta maneno. Bibi Fumi alimsikiliza mpaka mwisho.

"Huyo ni mgonjwa, mpeleke hospitali," akasema. "Mimi ni mzee tu."

Kutetemeka kulitupwa siku hiyo, lakini Tomoe hakujua aweke nini mahali pake. Ndivyo alivyoingia leo, mikono mitupu.

Taa nyekundu ya kurekodi inawaka. Katika skrini hakuna rangi, kuna mistari ya penseli tu, maana wachoraji hawajamaliza. Sota ni duara lenye macho mawili. Maikrofoni ni nne na waigizaji ni wengi, hivyo kila mmoja anasogea kwa zamu yake na kurudi nyuma bila hatua yake kusikika, akipindua kurasa za maneno yake kana kwamba kuna mtoto amelala pembeni.

Sasa ni zamu ya bibi. Anatakiwa kumwita mjukuu wake mezani, na Mio aitikie.

"Sota, chakula tayari," anaita Tomoe. Na kabla Mio hajavuta pumzi, mdomo uleule wa Tomoe unaitikia kwa sauti ya mvulana, "Naja!"

Taa inazimika. Mio anainama kuomba radhi, ingawa hakukosa chochote. Hapa mdogo huomba radhi hata kwa kosa la mkubwa wake. Wengine wanazika nyuso katika kurasa ili wasicheke. Tomoe amekuwa mwekundu mpaka masikioni, na mimi, mwandishi niliyekaa nyuma ya kioo, namwonea huruma.

"Nilijiita, nikajiitikia," atanieleza baadaye. "Hapo nikasema basi, kazi imekwisha. Nikaacha kumtafuta bibi. Nikamwita mtoto tu, asije akala kilichopoa."

Nagase hafanyi utani safari hii. Anaomba warudie.

Taa inawaka. "Sota, chakula tayari."

Sauti ni ya chini, ina mkwaruzo kidogo, haina haraka. Naijua. Ndiyo aliyoitumia kuniuliza kama nimekula, nilipofika kwake mara ya kwanza kumhoji. Miaka yote hiyo ya kazi, hakuwahi kuisogeza mbele ya maikrofoni.

 Mio haitikii. Ameiacha maikrofoni, amegeuka anamtazama Tomoe.

"Mio, vipi? Zamu yako," anasema Nagase.

Binti anainama tena na tena. "Samahani," anasema. "Nilidhani nimeitwa kweli."

Nyuma ya kioo, Nagase anabonyeza kitufe cha kuongea.

"Mama Tomoe, usibadilishe kitu. Wiki ijayo uje na bibi huyohuyo."

Nje, akifunga kitambaa shingoni kulikinga koo na upepo, Tomoe anaulizwa anataka nini zaidi katika kazi hii. Anamtazama Mio, ambaye bado ameushikilia mlango mzito wa studio hadi wakubwa wote wapite.

"Nimwite huyu kula mpaka aote mvi," anasema. "Halafu aje asimame pale nilipo, na yeye amwite mwingine."