Sehemu ya Geti

Nimepiga filamu miaka kumi na tano bila kuajiriwa na mtu. Kamera ni mimi, sauti ni mimi, kuhariri ni mimi. Nimepiga harusi, video za injili, hata filamu ya kufundisha watu kunawa mikono, ili nipate riziki ya kupiga zile ninazozipenda: watu wa kawaida na siku zao. Lakini mama yangu, fundi wa nguo kule mtaani Umoja, alijua nimeandikwa kazi kwenye stesheni ya televisheni. Nilimdanganya nilipomaliza chuo, ili alale usingizi. Wahenga husema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilikuwa bado inaendelea.

Nina sharti moja katika kazi: mtu niliyemrekodi huiona filamu kabla ya mwingine yeyote. Basi mchana mmoja nilibeba laptopu hadi mtaa wa mabanda wa Mukuru kwa Reuben, chumbani kwa mama mmoja niliyemfuata miezi mingi akitafuta vibarua viwandani. Alijiona akicheka kwenye filamu, naye akacheka zaidi. Kisha ikafika sehemu ya geti la kiwanda. Wenzake wanachaguliwa mmoja mmoja, yeye anaachwa. Anavua aproni, anaikunja polepole kama nguo ya kanisani, anaondoka. Hiyo ndiyo iliyokuwa roho ya filamu nzima.

"Hapo toa," akasema.

Nilipandwa na mori. Nikamwambia bila hapo hakuna filamu, kwamba nilirauka naye siku nyingi kungojea dakika hiyo moja. Aliniacha niseme mpaka nikaishiwa.

"Msichana wangu yuko bodingi," akasema. "Yeye anajua mimi nimeandikwa. Akiona hivi, atasoma aje?"

"Atakuheshimu zaidi, mama. Mwambie tu ukweli."

"Na wewe, mamako anajua hii kazi yako?"

Niliitoa sehemu ile palepale mbele yake, na iliniuma, sitajifanya mtakatifu. Aliniandalia chai, tukainywa tukizungumza habari za bei ya unga.

Jumapili iliyofuata nilikwenda Umoja. Mama alikuwa ameketi jikoni akikata sukuma wiki. Nilimwambia yote bila kupumua: stesheni haikuwahi kuwepo, bosi hayupo, hii miaka yote nimekuwa nikijitafutia peke yangu. Aliweka kisu chini. Niliogopa kuliko siku yoyote niliyowahi kumwonyesha mtu filamu.

"Kwa hivyo hakuna mtu anaweza kukufuta kazi?"

"Hakuna, Mama."

Alinishika mkono kwa vidole vilivyolowa maji ya mboga.

"Na vile nimekuwa nikiamka kila asubuhi," akasema, "nikiomba Mungu wasikufute."