Mama Aliyedai Kura Kanisani

Nilikuwa Mlowo, nimekaa nje ya duka la rafiki yangu anayenunua kahawa, nilipopigiwa simu kutoka Tunduma nikaambiwa yule mama wa vitenge, Mwanglikana, amefariki. Presha, walisema. Wasomaji wangu wa siku nyingi mnajua si kawaida yangu kuandika tanzia hapa; gazeti lina ukurasa wake wa kazi hiyo. Lakini nimerudi kutoka mazishini nikiwa na hasira, na nimejaribu kunyamaza nikashindwa.

Alitoka upande wa Masasi, akaja huku na mume aliyefanya kazi reli. Mume alipofariki, ndugu walidhani atafungasha arudi kwao. Akabaki, akafungua meza ya vitenge karibu na mpaka, akajifunza Kibemba cha biashara mpaka wateja wa upande wa pili, Zambia, wakawa wanamwita “Bamayo” kwa heshima ileile tunayosemea “mama”. Mimi nimelelewa na Wamoraviani wa Mbozi, na Waanglikana kwetu si wengi, hivyo siku moja nilimuuliza kwa utani bosi wao hasa ni nani. Askofu, au siyo? Aliendelea kukunja kitenge chake. “Askofu ndiye mchungaji wetu mkuu, tunamheshimu. Lakini mwanangu, hadondoki kutoka mbinguni. Anachaguliwa kwenye sinodi. Na humo sinodi wamo makasisi, na tumo sisi walei, tunaotumwa na parishi zetu. Sasa parishi zikituma watu wa kupachikwa, na askofu atakuwa wa nani?”

Nilidhani anaongea tu, kama tunavyoongea wote tukisubiri wateja. Kumbe lilikuwa jambo alilokuwa tayari kulipia. Habari za mkutano mkuu wa parishi yao nilizipata kwake mwenyewe na kwa wengine waliokuwemo, na hazikutofautiana. Ilipofika zamu ya kuchagua wazee wa kanisa na wajumbe wa sinodi, padri wa wakati ule alisimama, akasoma majina ya watu aliowataka, akawaambia waumini wayapokee kwa makofi. Makofi yakapigwa. Jina la mama huyu lilikuwemo. Hata hivyo alisimama.

“Samahani, Baba Padri. Tumeambiwa leo ni uchaguzi. Kura tunapiga saa ngapi?”

“Mama, jina lako si nimelisoma?”

“Umelisoma, Baba. Ndiyo maana nauliza. Nikifika sinodi nitasema nimetumwa na nani?”

Padri akamjibu kwamba hapo ni kanisani, siasa wakazifanyie nje, akafunga mkutano kwa sala. Jumapili iliyofuata mama hakuwa tena mzee wa kanisa wala mjumbe wa sinodi, na zamu yake ya kusoma masomo ibadani akapewa mwingine. Wanawake wenzake walimfuata nyumbani wakambembeleza aombe radhi yaishe. Akawauliza kosa lake ni lipi. Wakanywa chai yake, wakaaga. Tunduma ina makanisa kila kona, na yapo yaliyomwita kwa mikono miwili, lakini kila Jumapili aliendelea kwenda palepale na kukaa benchi la nyuma. Nilipomuuliza kwa nini hahami, alinitazama kana kwamba nimemtukana. “Nihame niende wapi? Padri atahamishwa. Mimi nipo.”

Na kweli, padri akahamishwa. Aliyekuja baada yake aliitisha uchaguzi wa karatasi na sanduku, kama taratibu zao zinavyotaka. Mama akagombea uzee wa kanisa, akashindwa. Alishindwa na mwalimu mmoja wa shule ya msingi, mwanamke mdogo kwake kwa umri, na waliokuwepo wanasema matokeo yalipotangazwa yeye ndiye aliyetangulia kwenda kumkumbatia. Mimi nilikwenda sokoni kumpa pole. Nilimkuta anacheka.

“Pole ya nini, mwanangu? Safari ile niliondolewa na mtu mmoja. Safari hii nimeondolewa na watu. Si ndicho nilichokuwa nakitaka?”

Sasa sikieni yaliyosemwa mbele ya jeneza lake. Kiongozi mmoja wa parishi, mmoja wa wale waliopiga makofi siku ya majina na kumkwepa miezi iliyofuata, alishika maikrofoni akasema: “Tumempoteza mama mtiifu, mnyenyekevu, ambaye hakuwahi kupingana na uongozi.” Watu wakaitikia amina! Yule mwalimu aliyemshinda alinyoosha mkono akiomba dakika chache, akaambiwa ratiba imebana. Tulipotoka makaburini nilimuuliza alitaka kusema nini. Alikuwa anafuta machozi kwa upande wa khanga. “Ningesema aligombana nao, kaka, na yeye ndiye alikuwa sahihi. Nilitaka hayo tu.”

Sina ugomvi na kanisa lao. Utaratibu wao unampa muumini wa kawaida sauti ya kweli, kuanzia kwenye benchi lake hadi kwenye uchaguzi wa askofu. Ugomvi wangu ni na wenye kuupora utaratibu huo, na zaidi ni na sisi tunaowakabidhi kwa makofi. Msidhani ni mambo ya Waanglikana peke yao. Nimeyaona kwenye ushirika wa kahawa, kwenye kamati za shule pale Vwawa, kwenye mikutano ya vijiji kule Momba: majina yanasomwa, tunashangilia, halafu tunarudi nyumbani kulalamika kwamba viongozi hawatusikilizi. Watatusikilizaje, wakati hatukuwatuma sisi? Akitokea mmoja akauliza, tunamkalisha chini kwa aibu, na akishakufa tunamvisha upole ambao hakuwa nao ili watoto wetu wasimwige. Mama yule alimheshimu padri wake, na alimheshimu kiasi cha kumwambia ukweli mbele ya watu. Kanisa, au chama, au kijiji, hakiharibiwi na watu wa namna hiyo. Kinaharibika siku waumini wake wanapoanza kuamini kwamba kunyamaza nako ni ibada.