Jina Lililo Chini ya Ubao wa Mlangoni

Admin, nifichie jina. Mimi ni baba wa miaka sitini na mbili, fundi wa sakafu za mbao hapa Bujumbura, na nina kinyaa na mikono yangu mwenyewe.

Kabla ya vita niliweka sakafu kwa mwalimu mmoja, mtaa wa Mutanga Sud. Mbao zilishuka bandarini zikiwa zimeshapigwa vanishi kiwandani. Binti yake mdogo akaendesha kibaiskeli cha magurudumu matatu sebuleni, akazichora miduara. Mwalimu alicheka tu.

Vita vilipoanza wakakimbia. Miaka miwili baadaye, mtu aliyejiingiza katika nyumba yao akaniita. "Fundi, pitisha mashini mpaka mbao ibaki mupya. Sitaki kuona alama ya mutu." Nilijua anachotaka kufuta. Nilikuwa na njaa, lakini njaa si kisingizio, nilikubali upesi mno. Vanishi ya kiwandani ni ngumu ajabu, msasa unaungua na kunuka. Siku nne nilipiga magoti nikikwangua vijifereji kati ya ubao na ubao, huku yeye amekalia kiti cha mwalimu, anakula brosheti za nyama ya mbuzi na kudondosha mafuta chini. Miduara ikatoka. Vumbi lile nililimeza, na hadi leo nikilikumbuka natema mate. "Sasa ni nyumba yangu," akasema, nami mnafiki nikacheka naye.

Wala sikuishia hapo. Tulizoeana, miaka ikapita, binti yangu akaolewa na mwanawe. Wanaishi humo humo.

Mwezi jana yule mtoto wa kibaiskeli, sasa mama mtu mzima, alikuja kwangu. Wazazi wake walifia ukimbizini, hati ziliungua, na yule bwana anaapa nyumba aliijenga mwenyewe.

"Papa, ni we njo uliweka parke ya mbao ya kwetu. Apana alama hata moja yenye ilibaki?"

"Mwanangu, mi ni muzee, nimesahau."

Akanishukuru! Akaniachia na ndizi. Zimenishinda kula.

Nilidanganya. Ubao wa mwisho, pale mlangoni, huwa nauandika kwa penseli upande wa chini kabla ya kuupigilia: jina la mwenye nyumba, na langu. Msasa haufiki huko. Jina la baba yake lipo, na wajukuu zangu wanatambaa juu yake.

Nikisema, binti yangu atatolewa humo pamoja na watoto wake, na atajua baba yake ni mtu gani. Nikinyamaza, nimemwibia yule mama mara ya pili.

Ndugu zangu, nishaurini, nifanye nini? Jumapili nimealikwa kula humo, na mlango ni ule ule mmoja.