Swali la Nane

Ukumbi tuliouchukua Sur, huku Omani, kwa harusi ya binti yangu ulikuwa na sharti: bila karatasi ya bima, hatupewi ufunguo. Mgeni akianguka akaumia, au taa zao zikavunjwa, wenyewe hawataki kesi. Karatasi ifike Alkhamisi kabla ya adhuhuri, la sivyo siku yetu wanapewa watu wengine.

Nikaona kama tunakata bima, tukate na ya kuahirishwa harusi. Sisi tunakaa Ibra, jamaa zetu wengi wako Nizwa, bwana harusi mtu wa Sur, na mvua kubwa ikinyesha mabonde hujaa maji, njia zikafungwa.

Jumatano alasiri nikakaa sebuleni na fomu. Mama yangu, ambaye nyumbani tunamwita Bimkubwa, alikuwa kando yangu na kahawa yake. Alikuja huku kutoka Unguja mtu mzima, na Kiarabu cha maofisini hakimwingii, basi nikawa namfasiria kila swali, nusu mzaha.

"Harusi inakatiwa bima kama gari," alisema, akacheka.

Swali la nane liliuliza kama yuko jamaa wa karibu wa maharusi aliye mgonjwa, au anayesubiri majibu ya hospitali.

"Soma tena hapo," akasema.

Nikasoma tena. Akaweka kikombe chini.

"Andika hakuna."

Nilikuwa nishaanza kuandika hivyo hivyo. Lau angenyamaza, nisingejua kitu.

"Bimkubwa, kuna nini?"

Akatazama mlangoni, kisha akaniambia kwa sauti ya chini. Siku ile aliposema anakwenda Nizwa kumtazama dada yake, wote wawili walikwenda hospitali. Yeye mwenyewe ana uvimbe kwenye ziwa la kushoto. Wamekata kinyama kidogo wanakipima, na majibu bado.

"Mtoto huyu akijua ataahirisha harusi," akasema. "Kula yamini kuwa hutomwambia."

Nikasema wallahi. Usiku ule sikupata usingizi.

Asubuhi nikaenda ofisi ya bima na binti yangu. Wakala alikuwa kijana wa Kiomani ambaye wazee wake walitokea Burundi. Akanipa shikamoo, akatuwekea mikataba miwili mezani. Mdogo ulihusu ukumbi na wageni tu, na hauna maswali ya ugonjwa. Mkubwa uliongeza mvua, na ugonjwa au msiba wa jamaa wa karibu.

"Tuchukue huu mdogo," nikasema haraka.

Binti yangu akanigeukia. "Mama, jana si wewe uliyesema mkubwa? Na mvua je?"

"Mvua Mungu atatuepusha."

Akanitazama kama hanijui. Mimi nikamuuliza yule kijana, kwa sauti niliyotaka iwe ya kawaida, itakuwaje mtu akisahau kuandika ugonjwa kwenye ule mkubwa.

"Wakigundua, mama, wanaweza kuuvunja mkataba mzima. Hata ile sehemu ya wageni."

"Kwani nani mgonjwa?" binti yangu akauliza.

Saa ya ukutani ilikuwa yakaribia tano na nusu. Ningeweza kusema hakuna, nikatia saini ule mdogo, tukaondoka. Lakini alikuwa ameniuliza usoni, na macho yake yalikwisha badilika. Nikavuta fomu kubwa, nikaandika ndiyo, na penye uhusiano nikaandika: bibi mzaa mama.

Akasoma. Hakulia. "Tangu lini?"

Nikamweleza yote pale pale, mbele ya yule kijana aliyekuwa anajifanya anatafuta kalamu.

"Bima itasema nini?" akamuuliza.

"Ugonjwa wa bibi watautoa, dada. Harusi ikisita kwa ajili yake, hawalipi. Mengine yote yanabaki."

"Basi chapisha huo."

Yule kijana akaituma karatasi kwa barua pepe, ikafika ukumbini kabla ya saa sita. Tulipofika nyumbani akaingia kwa bibi yake. Nikasikia, "Shikamoo, Bibi," kisha mlango ukafungwa. Baada ya kitambo sauti ya Bimkubwa ikapanda: "Mamako aliniapia!"

Kwa siku tatu hakuongea na mimi. Chai yake aliipokea kwa mkono wa mjukuu wake tu.

Majibu yalikuwa mabaya, lakini madaktari walisema ugonjwa umewahiwa. Alipasuliwa kabla ya harusi, na kila safari ya hospitali binti yangu ndiye aliyemwendesha. Alitaka kuahirisha kweli, tena mara mbili. Bimkubwa akamwambia akiahirisha haendi kupasuliwa. Harusi ikabaki siku yake.

Mvua haikunyesha. Hakuna aliyeanguka. Bimkubwa alikwenda Sur kwenye kiti cha mbele cha gari, mto chini ya kwapa, akakaa ukumbini akipokea salamu za wanawake. Baada ya saa moja akaniita kwa kidole. Nikampeleka chumba cha kuvalia, nikamfungua buibui. Bendeji ilikuwa imelegea.

"Ulikula yamini ukaivunja," akasema, bila kunitazama.

"Ndiyo, Bimkubwa."

Akainua mkono wa kushoto. Nje ngoma ilikuwa imepamba moto.

"Haya, nifunge vizuri hapa, panachoma. Nataka kurudi nimwone mtoto akitolewa mbele ya watu."