Itu lilikuwa jina la mtoto wangu

Admin, nifichie jina langu tafadhali, maana wakwe zangu wote wanafuata ukurasa huu na midomo wanayo. Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na mbili. Nimeolewa Kasikeu lakini tunaishi Emali, mume wangu ni fundi wa kuchomelea milango na mimi nashona mapazia. Hatuna mtoto. Tulikaribia kuwa naye, na hayo ndiyo yamenileta hapa.

Nilipopata mimba mwaka juzi, tulikubaliana tusiulize kwenye skani kama ni mvulana au msichana. Sasa sisi Wakamba mnatujua. Mtoto akizaliwa mvua ikinyesha, mvulana ni Wambua, msichana ni Syombua, na kila boma linao. Mwaka huo mvua ilikuwa imekataa kabisa. Siku moja tumekaa nje tunakunywa chai, likapita wingu moja jeusi, peke yake. Mume wangu akasema, "Huyu tumuite Itu." Itu kwa Kikamba ni wingu. Nikamwambia sijawahi kusikia mtu anaitwa wingu. Akasema ndiyo uzuri wake, wingu halijali kama ni Wambua ama ni Syombua, linakuja tu kwanza, hayo mengine tutajua baadaye. Akafikiria kidogo, akacheka. "Halafu mtoto atakuita mwaitu. Sikiza vizuri. Mwa-itu. Jina lake liko ndani yako." Mwaitu ni mama. Nilicheka mpaka nikamwaga chai, nikamwambia ana ujinga mwingi, lakini lile neno niliingia nalo ndani ya nyumba na sijalitoa mpaka leo. Hiyo maana ya pili hatukumwambia mtu.

Mama mkwe alipolisikia aliuliza, "Hilo ni jina ama ni habari ya hali ya hewa?" Haikunisumbua. Majirani walianza kuniita Mama Itu, na mume wangu pia, hata akitaka tu chumvi.

Siku ya kujifungua, mtoto hakulia. Mimi nilipelekwa kufanyiwa upasuaji nikiwa sijitambui, na nilipopata fahamu nikakuta ameshazikwa nyumbani Kasikeu. Nikauliza alikuwa mvulana au msichana. Mama mkwe akanishika mkono, akasema, "Mwana wakwa, mwanangu, usiulize. Ukijua utaanza kumwona kila mahali." Mume wangu anajua, lakini alimwahidi mama yake kwamba hatasema. Siku moja nilienda mwenyewe kuuliza hospitalini, nikafika langoni, nikaogopa, nikarudi. Ndiyo maana Itu lilinitosha. Ni jina pekee ninaloweza kumwita mtoto wangu bila kukosea.

Mwaka huu mke wa shemeji yangu mdogo akajifungua mvulana. Ni msichana mpole, ananipenda, na mapazia ya chumba chake nilimshonea mimi. Nilipoenda kumwona mtoto, nikaambiwa anaitwa Itu. Nilidhani nimesikia vibaya. Akaniambia, "Nilitaka jina lisipotee, sista. Nilijua utafurahi." Nikasema asante. Mngesema nini nyinyi?

Nyumbani nikamuuliza mume wangu. Kumbe yeye ndiye aliyewaruhusu. "Waliniuliza, nikasema sawa. Ni jina tu. Wetu hata hakulitumia." Nikamwendea mama mkwe. Yeye hata hakunipandishia sauti. Alisema yule wangu alizikwa kabla ya kupewa jina, kwa hivyo hakuna nilichonyang'anywa, na jina likizunguka hapo kwa boma ni baraka.

Juzi sokoni mwanamke mmoja akaita, "Mama Itu!" Tukageuka wote wawili, mimi na yule msichana. Mwenye kuita akaona haya, akainamia nyanya akajifanya anachagua.

Mtoto mwenyewe hana kosa. Nikimbeba anacheka na kunivuta masikio. Lakini jina lake sijawahi kulitamka. Namwita wewe, namwita kijana, na nyumba nzima imeshaona.

Sasa Jumapili hii anawekwa wakfu kanisani, na mchungaji wetu hutaka kila jina lielezwe mbele ya watu. Yule msichana akanipigia simu. "Sista, si wewe ndio unajua stori ya hili jina? Simama utuambie maana yake na lilitoka wapi. Wewe unajua kuongea." Mume wangu anasema nikubali, eti nitapona. Nikikataa, mnajua nitakavyoitwa.

Jana nikamuuliza, "Na ile ya mwaitu, niiseme pia?"

Akaniangalia. "Ile gani?"

Nikamkumbusha: wingu, chai, mwa-itu. Akatikisa kichwa. Hakumbuki kusema kitu kama hicho. Lakini ni tamu, akasema, niiseme, kanisa litapenda.

Nimelia mpaka macho yamekauka. Nilikuwa nafikiri lile neno tumelibeba sisi wawili, kumbe nilikuwa nimelibeba peke yangu. Nikieleza wingu tu, nitakaa chini na wataendelea kumwita mtoto wao, maisha yaende. Nikieleza yote, kuanzia Jumapili yule msichana akiitwa mwaitu na mwanawe, watu watakumbuka ile maana na watatabasamu, na itakuwa yake.

Msiniandikie kwamba nitapata mwingine. Katika upasuaji ule kizazi kilitolewa. Wala msinitumie mistari ya Biblia, ninayo. Nishaurini hii ya Jumapili peke yake. Mchungaji akinipa maikrofoni aniulize Itu maana yake ni nini, niwape yote, ama hako kadogo kalikobaki nikae nako?