Binamu wa Bwana Ambrose

Jael Akoth aliacha kufundisha Kiswahili Homa Bay akaenda Riyadh kutafsiri maneno ya filamu, yale maandishi yanayopita chini ya picha. Ofisi ilikuwa mtaa wa Al-Murabba. Mkubwa wake, Ambrose, Mkenya mwenzake, alijiita mhariri mkuu, ingawa kazi aliyoiweza hasa ilikuwa kuogopa.

Ikaletwa filamu ya maisha ya waandishi wawili, wanawake waliopendana hadi kufa. Mteja alikuwa na televisheni Afrika Mashariki. Ambrose hakuitazama. Alisoma muhtasari tu, jasho likamtoka.

"Waandike mtu na binamu yake."

"Bosi, binamu gani wanaambiana, 'Bila wewe kitanda ni kipana mno'?"

"Andika 'chumba'. Yalla, Jael! Ikama yako iko kwa kafili, na kafili ananisikiliza mimi."

Bila kibali hicho cha kuishi, na bila mdhamini huyo, Jael angefukuzwa nchini. Akaandika. Mapenzi yakawa undugu, wivu ukawa homa. Katika filamu, mama wa mwandishi mmoja alimlilia bintiye, "Unamwacha mumeo kwa mtu asiye hata ndugu yako?" Jael akauliza afanyeje hapo.

"Mama amechanganyikiwa," Ambrose akasema. "Mfanye mgonjwa."

Jael akaomba jina lake liondolewe. Ambrose akaweka lake, tena kwa furaha.

Filamu ilionyeshwa Jeddah, katika hoteli moja karibu na Balad, mji wa kale, mbele ya mteja na wageni wake wa Afrika Mashariki. Ambrose alitangulia kuhutubia kuhusu maadili, tai imemkaba kama mbuzi wa mnadani. Haikupita nusu saa watu wakaanza kucheka. Muuguzi mmoja Mtanzania, Priscilla, akapaza sauti: "Samahani, hawa mabinamu mbona wanaahidiana kuzikwa kaburi moja?"

"Mila za kwao," Ambrose akajibu. Ukumbi mzima ukashika mbavu.

Jael naye alicheka. Kisha akamwona yule mwandishi aliyebaki baada ya mwenzake kufa akikisomea kiti kitupu ukurasa wake wa mwisho, na watu bado wanacheka. Akaacha kucheka.

Taa zilipowashwa, mteja alimkumbatia Ambrose. "Vichekesho safi sana! Tutengenezee vingine."

Ambrose akainama kushukuru. Wala hakuona haya.

"Mimi halas, nimemaliza," Jael akamwambia palepale, na mkataba ulipoisha akarudi Homa Bay, darasani. Ambrose bado yuko Al-Murabba. Amepewa ofisi ya peke yake, na jina lake liko mlangoni kwa herufi za dhahabu.