Alhamisi ya Pili

Justa alizaliwa upande wa Matai, katika nyumba ya katekista aliyelima mahindi na ulezi na kubishana na kila mtu. Baba yake alibishana na paroko, akabishana na bwana shamba, na jioni akarudi kubishana na mkewe kwa Kifipa. Mtoto akakulia humo. Alipofika umri wa usichana aliingia utawa, akakaa unovisi, kipindi cha malezi, akatoka kabla ya nadhiri. Alimwambia mama mlezi kwamba maswali yake yalikuwa mengi kuliko utii wake. Yule sista mzee hakukasirika. "Basi kasome, mwanangu," alisema. "Maswali bila shule ni kelele."

Alisoma falsafa katika chuo kikuu cha Kanisa, mbali na kwao. Kanisa lilipofungua chuo pembeni mwa mji wa Sumbawanga alirudi, na tangu hapo anafundisha maadili ya siasa. Amevuka hamsini. Mjini wapo wanaomwita "sista aliyeghairi," lakini wanafunzi wake humwita Mwalimu tu, na darasa lake la Alhamisi huwa halina kiti kitupu hata Julai, baridi ya Ufipa inapowafanya watu wakae na makoti mpaka mchana.

Kilichowavuta ni namna alivyofundisha. Alifuata desturi kongwe ya vyuo vya Kanisa: kabla hujasema unachoamini, useme kwanza anachoamini mpinzani wako, na ukiseme vizuri kuliko yeye. Alhamisi ya kwanza mwanafunzi mmoja hujenga hoja za upande anaoupinga. Hakuna kucheka wala kupiga makofi. Alhamisi ya pili, mwanafunzi yuleyule huzibomoa hoja zake kwa mdomo wake mwenyewe. Akishindwa, mwalimu hujibu.

"Mkulima wa huku hachomi majani," aliwaambia. "Huyafukia chini ya tuta, yakaoza, ndipo akapanda. Hoja ya mpinzani wako ni majani. Ukiichoma, umechoma mbolea."

Mwaka huu wa uchaguzi aliandika swali ubaoni: Je, raia anafungwa na amri isiyo ya haki? Akamteua Fabiani.

Fabiani ni mtoto wa Kasanga. Mama yake huuza samaki wa migebuka bandarini, na kijana ana sauti ya mtu aliyezoea kuitana na watu walioko ndani ya maboti. Hakuwa na shaka kwamba amri isiyo ya haki haimfungi mtu. Ndiyo sababu Justa alimpa kazi ya kutetea kinyume chake: kwamba mtawala hutiiwa daima, awe mwema au mbaya. Alikaa naye maktaba wiki nzima, akimnolea hoja moja baada ya nyingine.

"Hii ni dhaifu," alimwambia. "Unaitetea kama mtu anayetaka ianguke. Itetee kama ni ya mama yako."

Alhamisi ile ya kwanza, Padre Maximilian, mkuu wa chuo, aliingia na mgeni. "Huyu ni Bwana Isdori," alisema. "Anapenda elimu." Hakusema anatoka ofisi gani, na hakuna aliyeuliza. Mgeni alikuwa na koti zuri na adabu nzuri zaidi. Aliketi nyuma.

Fabiani akasimama. Akasema mfalme mbaya ni ugonjwa, lakini nchi isiyo na mfalme ni kifo, na mgonjwa bado ana matumaini. Akasema kila mtu akiipima amri kwa mizani ya moyo wake, mizani zitakuwa nyingi kuliko watu. Akasema mtoto hamtii baba kwa kuwa baba ana haki, bali kwa kuwa ni baba. Justa, aliyezijua hoja zile neno kwa neno, alikaribia kuziamini.

Mlangoni Bwana Isdori alimshika Fabiani bega. "Kijana, una kipaji," alisema. "Usikiache kikaozea darasani."

Jumapili Cornelia, mtunza maktaba, alimkuta Justa nje ya kanisa akifunga kanga yake vizuri dhidi ya upepo.

"Mwanao anahubiri siku hizi," alisema.

"Mwanangu yupi? Mimi sina mtoto."

"Huyo wa Kasanga. Jana alikuwa Matai kwenye semina ya vijana, amepelekwa na gari. Dada, kasema mfalme mbaya ni ugonjwa, watu wakapiga vigelegele! Hata paroko wetu hajawahi kupata vigelegele."

"Alisema na jibu?"

"Jibu gani tena? Alimaliza hapo, wakampa kipaza sauti arudie."

Justa alicheka kidogo ili Cornelia asimsome usoni. Hoja zilikuwa zimetoka darasani nusu, bila jibu, na sasa zilikuwa zinatembea zenyewe kwa miguu aliyozipa yeye.

Jumatatu Fabiani alikuja maktaba bila kuitwa. Alivaa viatu vipya.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Umejiandaa na Alhamisi?"

Kijana aliangalia rafu za vitabu. "Mwalimu, na kama zile hoja ni za kweli?"

"Inawezekana. Ndiyo maana kuna Alhamisi ya pili. Njoo uzijaribu."

"Sitazibomoa."

"Huwezi au hutaki?"

"Wamenipa kazi, Mwalimu. Ya kuzunguka na vijana wilayani." Akapunguza sauti. "Waliniuliza nani anatunga maswali. Nikawaambia ni ya kitabuni. Bwana Isdori akacheka, akasema kitabu hakishiki chaki. Alhamisi watakuja na simu za kurekodi. Mwalimu, usijibu. Liache swali lilale hapo hapo. Nakuomba kama mama yangu."

Justa alimtazama. Hakuona uongo usoni mwake, na hilo ndilo lililomtisha. Kijana alikuwa anamwonea huruma, kama mtu mzima anavyomwonea huruma mgonjwa asiyejua ugonjwa wake.

Padre Maximilian naye alimwita. Alizunguka sana kabla ya kufika kwenye neno lenyewe. Alisifu bustani, akauliza habari za kifua chake, kisha akasema, "Kifua hicho, Mwalimu, na baridi hii. Hakuna atakayekulaumu ukipumzika Alhamisi moja."

"Nikipumzika, Padre, chuo kitakuwa kimefundisha kwamba mtawala hutiiwa daima. Ndicho kilichosikika mpaka Matai."

"Chuo kina wanafunzi wengi. Nao wana wazazi."

"Najua."

"Sikukatazi," alisema Padre, na hapo Justa akaelewa kwamba hatamtetea pia.

Alhamisi ya pili darasa lilijaa mpaka madirishani. Nyuma walisimama vijana ambao hakuwahi kuwafundisha. Simu zilikuwa tayari mikononi. Bwana Isdori aliinamisha kichwa kumsalimu.

Justa alimwita Fabiani. Kijana akasimama, akasema bila kumtazama mtu, "Sina jibu. Nabaki na hoja zangu." Nyuma wakapiga makofi. Ilikuwa mara ya kwanza makofi kusikika katika somo lile.

Basi mwalimu akajibu. Kwanza alizirudia hoja za Fabiani, moja moja, bila kuzipunguza, hata mmoja wa wale vijana akaitikia "kweli!" Kisha akasema: "Mtawala amekabidhiwa mema ya wote. Anapoyatunza, amri yake hutufunga hata tukiwa peke yetu gizani. Anapoamuru kinyume cha mema hayo, anasema kama mtu yeyote mwenye nguvu. Tunaweza kumtii kwa kuogopa, au ili wengine wasiumie, na mara nyingine hiyo ni busara. Lakini utii huo hatudaiwi. Na baba akimwamuru mtoto aibe, mtoto anayekataa hajamkana baba."

Fabiani alikuwa ameinamia viatu vyake.

Justa akafuta ubao, akaandika swali la kufuata: Je, anayenyamaza amekubali? "Nani atajenga hoja?" akauliza. Siku nyingine mikono ingeinuka kabla hajamaliza, huyu akimsukuma yule. Sasa wanafunzi waliangalia madaftari yao. Akauliza tena.

Mkono mmoja ukainuka, nyuma kabisa.

"Mimi naomba," alisema Bwana Isdori. "Au mgeni haruhusiwi?"

"Anaruhusiwa," alisema Justa. "Ila atakayejenga lazima arudi Alhamisi ya pili."

Bwana Isdori akaja mbele taratibu, akifunga kifungo cha koti. Fabiani akainuka, akampisha kiti chake.

"Mimi nitakuwepo, Mwalimu," alisema mgeni akikaa. "Tuombeane uzima tu."